Baiskeli ya euro 70: kwa wewe unayekwenda kusoma sheria za Ulaya

Kila mwaka watu wakianza kupata barua za udahili, napokea ujumbe wa aina moja. "Kaka, nimepata nafasi ya uzamili, nakwenda kusoma sheria za mikataba na mali za Ulaya. Nianze na kitabu gani?" Huwa najibu: anza na baiskeli. Wengi hudhani nawatania.

Nilifika Münster, Ujerumani, na shahada yangu ya Tanzania na kichwa kilichokwisha kupangwa. Kuna ukoo wa Waingereza wanaofuata hukumu za majaji, na sisi ni watoto wao. Kuna ukoo wa bara, wenye vitabu vikubwa vya sheria, ambako Mfaransa na Mjerumani ni ndugu wa tumbo moja. Ni mpangilio mzuri wa kujibia mtihani. Kwangu ulidumu wiki tatu.

Münster ni mji wa baiskeli. Asiye nayo anajiona kama katoka bila viatu. Nikaona tangazo la mwanafunzi anayehama, tukapatana kwa simu: euro 70, nikaichukue Jumamosi saa kumi. Akaandika, "Sawa, ni yako." Jumamosi nabonyeza kengele, bwana ananieleza kwa upole kabisa kwamba asubuhi amepita mwingine na euro 90, kaondoka nayo. Tena alimwambia huyo mwingine kwamba kuna mtu ameshapatana naye. Jamaa akatoa hela hivyohivyo.

Nikarudi bwenini kwa miguu, nimenuna. Jikoni nikamkuta rafiki yangu wa Bukavu, naye mwanasheria, anakoroga sombe, yaani kisamvu. Hakuningoja nimalize. "Ile kinga ilikuwaka yako tangu mulipatana bei!" Kinga kwao ndiyo baiskeli. Sheria ya mikataba ya Kongo ni dikrii ya mwaka 1888, ya enzi za Mfalme Leopold wa Ubelgiji, mtoto wa Code civil, kitabu cha sheria za kiraia cha Ufaransa alichokitoa Napoleon mwaka 1804. Na Code civil, kifungu cha 1583, inasema mauzo yametimia na mnunuzi ameshakuwa mwenye mali mara wanapokubaliana kitu na bei, hata kama kitu hakijakabidhiwa wala bei haijalipwa.

Nikamuunga mkono. Sheria yetu ya Mauzo ya Bidhaa inafuata ile ya Uingereza ya 1893: kama kitu ni mahususi, kiko tayari kukabidhiwa, na mkataba hauna sharti, umiliki unahama pale mkataba unapofungwa, isipokuwa wenyewe walikusudia vingine. Basi mtu wa Tanga na mtu wa Bukavu, mmoja kalelewa na Mwingereza na mwingine na Mbelgiji, tukakubaliana juu ya sufuria ya sombe kwamba nimeibiwa.

Mwenzetu Mjerumani, mwanafunzi wa sheria pia, alikuwa anaosha kikombe. Akasema bila kugeuka, "Haikuwa yako hata dakika moja."

Alichukua risiti ya duka akachora nyuma yake mistari miwili. Wa juu ni ahadi: muuzaji anajifunga kukupa, wewe unajifunga kulipa. Wa chini ni uhamisho: mnakubaliana sasa hivi mali ihame, na kitu kinapita mkono hadi mkono. Hicho ndicho kifungu cha 929 cha BGB, kitabu chao cha sheria za kiraia kilichoanza kutumika tarehe 1 Januari 1900. Mimi nilikuwa na mstari wa juu tu. Ukinunua gazeti Ujerumani, akasema, umefunga mikataba mitatu: wa kuuziana, wa kuhamisha gazeti, na wa kuhamisha sarafu. Nilicheka. Yeye hakucheka.

Hapo ndipo ule ukoo wa bara ulipovunjika machoni pangu. Katika swali hili Paris imekaa na London, na Berlin iko upande wa pili. Mholanzi naye, aliyewahi kutawaliwa na kitabu cha Napoleon, anadai makabidhiano kama Mjerumani. Ila tofauti na Mjerumani, kwake ahadi ya juu ikibatilika, uhamisho wa chini nao unaanguka.

Chanzo ni cha zamani. Wanasheria wawili wa Kirumi, Julianus na Ulpianus, walitofautiana kuhusu fedha ambazo mtoaji alizitoa kama zawadi na mpokeaji akadhani ni mkopo. Je, zimekuwa za mpokeaji? Mmoja anasema ndiyo, mwingine hapana. Waliokusanya sheria kwa amri ya Kaisari Justinian mwaka 533 waliwaacha wote wawili ndani ya mkusanyo uleule. Karne kumi na tatu baadaye Savigny, mwanasheria wa Kijerumani, akaegemea ile ndiyo, kwamba uhamisho husimama peke yake hata kama wawili hawakuelewana juu ya sababu yake, na hesabu ya baiskeli yangu ikaanzia hapo.

Sasa ushauri wenyewe. Usiishie kwenye swali la "mali ni ya nani". Uliza: yule wa pili alijua? Ufaransa, anayetangulia kushika kitu hushinda, mradi awe na nia njema. Uingereza na kwetu ni karibu hivyohivyo. Huyu wangu alijua, kwa hiyo Paris na Dar ningeshinda. Ujerumani amenunua kwa mwenye mali halali, na kujua tu hakutoshi kumnyang'anya. Nilichobakiwa nacho ni madai ya fidia: nilinunua nyingine kwa euro 95, basi euro 25. Sikumdai. Halafu uliza swali la mwisho, ambalo ndilo kubwa: muuzaji akifilisika je?

Na je, Ulaya si imeoanisha sheria zake? Imeoanisha sehemu. Tume ya Mdenishi Ole Lando ilianza kazi mwaka 1982 na kutoa kanuni za mikataba. Kikundi cha Mjerumani Christian von Bar kikaja na rasimu ya juzuu sita mwaka 2009, na humo hata suala la baiskeli lilipewa jibu: mkinyamaza, mali inahama kwa makabidhiano. Haikuwa sheria. Mwaka 2011 Tume ya Ulaya ikapendekeza sheria ya pamoja ya mauzo, kisha ikaiondoa mezani. Kilichobaki imara ni ulinzi wa mlaji: ukinunua dukani kwa mtandao una siku 14 za kughairi, na muuzaji anawajibika kwa kasoro kwa angalau miaka 2, uwe Lisbon au Helsinki. Mali inahama lini? Hawajagusa. Hata Mkataba wa Vienna wa 1980 wa mauzo ya kimataifa unalikwepa swali hilo waziwazi katika kifungu cha 4.

Kidogo kuhusu vitabu, maana najua bado unataka. Angalia mwaka wa toleo kabla hujakifungua. Kwenye mtihani wa mdomo nilitaja kwa kujiamini kifungu cha 1382 cha Ufaransa kuhusu madhara. Mwalimu akatabasamu: tangu Oktoba 2016 ni 1240. Maktaba ilikuwa imejaa vitabu vya zamani, na mimi nilichagua chenye jalada zuri.

Ukirudi nyumbani utakutana na baiskeli hii tena, imenona. Mteja wangu wa Morogoro alikuwa ananunua mashine ya kusaga iliyotumika, iko ghalani Ujerumani, na anatakiwa atangulize asilimia 60. Mkataba ulisema tu "sheria za Ujerumani". Tanzania na Kenya hazimo katika Mkataba wa Vienna (Uganda, Burundi, Rwanda na Kongo-Brazzaville zimo), lakini maneno hayo matatu yanauingiza, kwa kuwa Vienna ni sehemu ya sheria ya Ujerumani. Na hata tungeandika "sheria za Tanzania", umiliki wa mashine iliyolala Ujerumani unaamuliwa na sheria ya pale ilipolala. Muuzaji akifilisika kabla ya kupakia, mteja wangu ni mdai kwenye foleni, na mashine ni ya mfilisi.

Dawa ipo kwenye BGB hiyohiyo, kifungu cha 930: mali inaweza kuhama bila kusogezwa, mkikubaliana kwamba muuzaji anaishikilia kwa niaba ya mnunuzi. Nikaandika kifungu hicho, na namba ya mashine ndani yake. Wakili wa muuzaji akajibu kwamba mteja wake haachii mali kwa asilimia 60. Tukavutana siku tatu. Mwishowe kifungu changu kikafutwa, malipo ya awali yakashuka hadi asilimia 20, na salio likalipwa siku mashine inaingia kwenye kontena.