Umefutwa au umebadilishwa jina?

Swali: Shikamoo Mjomba. Huku Langoni, Lamu, vijana wanasema mchezo wa video wa kandanda, FIFA, umefutwa. Nami nimeweka akiba ninunue mpya. Ni kweli?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Haukufutwa. Mkataba wa EA, kampuni inayoutengeneza, na FIFA, shirikisho la soka duniani, ulikwisha, na tangu 2023 mchezo unaitwa EA Sports FC. Uliofutwa kweli ni mchezo mwingine wa EA, wa mpira wa kikapu, NBA Elite 11, mwaka 2010: uliahirishwa siku chache kabla ya kuuzwa, kisha basi. Nakala chache zikaponyoka, ndiyo maana picha za kasha lake bado utaziona.

Juzi mpwa wangu alinionyesha kwenye simu tangazo la mchezo kufutwa, tarehe imekatwa juu. Niliudhika sana! Ukisikia mchezo umefutwa, tafuta tangazo la watengenezaji wenyewe, usome tarehe. Likikosekana, endelea kuweka akiba yako.