Kuku wangu wanashiba, mbona mayai yana maganda laini?

SWALI: Ndugu Mhariri, ninafuga kuku 40 wa mayai wa kisasa, wenye umri wa wiki 32. Kila siku huwapa kilo 3 za chakula cha kuku wa mayai kutoka dukani, kisha huwajazia pumba na mahindi yaliyoparazwa mpaka magole (vifuko vya chakula shingoni) yajae. Siku hizi utagaji umepungua taratibu, na baadhi ya mayai yana maganda laini. Je, niongeze pumba?
Msomaji, Kibaha

JIBU: Ndugu msomaji, usiongeze pumba, kwa sababu gole lililojaa halituambii kuku amekula nini. Kuku wa mayai wa kisasa anayetaga huhitaji takriban gramu 120 za chakula kamili kwa siku, yaani kilo 4.8 kwa kuku wako wote, ilhali kilo 3 unazotoa humpatia kila mmoja gramu 75 tu.

Ganda la yai moja hubeba karibu gramu 2 za kalsiamu. Chakula cha kuku wa mayai kwa kawaida huwa na kalsiamu ya asilimia 3.5 hadi 4, na kuku hunyonya takriban nusu yake. Kwa hiyo gramu 75 humwachia kiasi cha gramu moja na nusu, naye hulazimika kuchota upungufu huo kwenye mifupa yake mwenyewe. Pumba na mahindi hayana kalsiamu ya maana, na mahindi yakizidi humnenepesha kuku kwa mafuta ya tumboni, jambo ambalo nalo hupunguza utagaji.

Ongeza chakula kamili polepole kwa muda wa wiki moja huku ukiondoa pumba, na upime kwa mizani, si kwa kopo. Fungu kubwa litolewe alasiri, kwa kuwa ganda hujengwa zaidi usiku, na maganda ya konokono yaliyopondwa yawekwe katika chombo cha peke yake. Maji yasipungue lita 10 kwa siku, na wakati wa joto yazidi hapo. Iwapo utagaji ungeshuka ghafla, au kuku wangekohoa, ningekushauri umwite mtaalamu wa mifugo kwanza.

Kwa kipimo hiki gunia la kilo 50 litakutosha siku 10. Likiisha siku ya saba, chunguza panya na vyombo vilivyojazwa hadi ukingoni kabla ya kuwalaumu kuku.