Wangu yuko kituoni, wa mwenye duka karudi kwao

SWALI: Assalaam aleikum. Mwanangu ana miaka 15, yumo kidato cha pili. Alikamatwa usiku na wenzake wawili, wamekutwa na pishi mbili za karafuu za mtu. Mtoto wa mwenye duka aliondoka na baba yake usiku ule ule. Wangu na mwenzake yatima ni siku ya pili hii wanalala kituoni na watu wazima. Shemeji yangu ananiambia nimwache akome, eti vijana wa sasa wamezidi wizi dunia nzima, na Marekani ndio usiseme. Nifanyeje?
Mama, Konde, Pemba

JIBU: Waaleikum salaam, mwanangu. La kufanya nilishakwambia kwa simu, maana jambo hili halingoji gazeti: chukua cheti chake cha kuzaliwa, fuatana na sheha, nendeni kituoni mkaulizie dawati la watoto na afisa wa ustawi wa jamii. Hapa nawaandikia wazazi wengine.

Kwa nini cheti kwanza? Miaka niliyofanya kazi ya ustawi niliwahi kufunguliwa kitabu cha kituo kimoja, mbele ya jina la mtoto pameandikwa miaka 19. Nikaomba nimwone. Kaletwa kijana mrefu, miguu mitupu, kucha nyeusi kwa utomvu wa mikarafuu, hata ndevu hajaota. Askari alimkadiria kwa kimo. Mama yake alikuwa Unguja anafanya kazi za ndani, hapakuwa na wa kusema sivyo. Kwa tarakimu ile alilazwa na wakubwa na jalada lake likashika njia ya mahkama ya wakubwa.

Sheria ya Mtoto ya Zanzibar, Namba 6 ya 2011, inamhesabu mtoto kila aliye chini ya miaka 18, na ikaweka Mahkama ya Watoto kwa ajili yao. Mkataba wa Haki za Mtoto, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 1991, unataka kumzuilia mtoto kuwe hatua ya mwisho, kwa muda mfupi kabisa, na asichanganywe na wakubwa. Kwa hiyo kumtaka mwanao atolewe kwa wakubwa si kuomba hisani. Mkikwama, watafuteni wasaidizi wa sheria. Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar kina ofisi Chake Chake.

Sasa shemeji yako. Marekani anayoisema ni ya zamani. Ukamataji wa vijana kule ulifika kilele miaka ya katikati ya 1990, na wapo wasomi waliotabiri kizazi kizima cha vijana wakatili. Hakikuja. Kufikia 2020 ukamataji ulikuwa umeshuka kwa zaidi ya thuluthi mbili, na katika miaka hiyo hiyo idadi ya vijana waliofungiwa nayo ikaanguka sana. Walipunguza kufunga, na balaa lililotabiriwa halikutokea.

Kilichobaki kule ni kile unachokiona Konde. Kijana mweusi bado ana uwezekano wa kufungiwa zaidi ya mara nne kuliko mweupe. Hapa kwetu mtoto hapimwi rangi. Anapimwa kwa nani amekuja kumfuata, amekuja saa ngapi, na anafahamiana na nani pale kaunta. Linaniuma, kwa sababu karafuu walibeba wote watatu.

Na kuna mama wa Arizona ningependa umjue. Mwaka 1964 alirudi nyumbani kutoka kazini akakuta mwanawe Gerald Gault, miaka 15, hayupo. Amekamatwa kwa simu ya matusi, na hakuna aliyemwarifu. Hakimu akaamuru kijana azuiliwe chuo cha marekebisho mpaka afike miaka 21. Mtu mzima kwa kosa lile angelipa faini ndogo au kufungwa miezi miwili isiyozidi. Wazazi hawakunyamaza. Mwaka 1967 Mahkama ya Juu kabisa ya Marekani iliamua mtoto naye ana haki ya kuarifiwa shtaka na kuwa na wakili.

Kwa mwenye karafuu nendeni na wazee. Ombeni radhi, mlipe pishi zake, na makubaliano yaandikwe mbele ya sheha, afisa wa ustawi apate nakala. Hilo halifuti kosa, na kijana aambiwe wazi kwamba ameiba.

Huyo yatima je, nani mlezi wake? Muulize sheha leo. Kama hana cheti, skuli aliyoandikishwa ina tarehe yake ya kuzaliwa. Mwalimu mkuu aombwe barua. Usimtoe wako ukamwacha yeye.