Rolling Papers ya Wiz Khalifa: niliyoiuza mimi Tabora ilikuwa feki, na wateja waliipenda kuliko yenyewe

Mkuu, swali lako nimelielewa hivi: kama Rolling Papers ilikuwa albamu mbovu, kwamba lebo kubwa (kampuni ya muziki) ilimharibu Wiz Khalifa, yule rapa wa Marekani, kama wanavyodai wengine hapa, mbona nyimbo zake zilipigwa kila kona mpaka huku kwetu? Naona wengi wamekujibu kwa kubishana tu. Mimi nitakujibu kwa biashara, maana mwaka 2011 nilikuwa naiuza.

Nilikuwa na kibanda cha kuchoma CD na kuingiza nyimbo kwenye simu, Tabora mjini, njia ya kwenda Isevya. Ukinyoosha mikono unagusa kuta zote mbili. Kompyuta moja ya mezani, spika mbili nimezitundika nje juu ya mlango, na kabati la kioo nililonunua kwa mama mmoja aliyekuwa anauzia maandazi. Miaka miwili baadaye, jua likiwaka sawasawa, lile kabati bado lilikuwa linatoa harufu ya mafuta ya kukaangia. Wimbo mmoja kwenye memori kadi shilingi 100, CD nzima 1,500. Najua ni wizi wa jasho la watu, sitetei. Na wateja wenyewe walinikumbusha kila siku bila kujua, kwa sababu hakuna aliyesema "Wiz". Walisema "Wizi". "Bro, Wizi ipo?" Ipo ndugu yangu, imejaa kabatini.

Kwanza nirekebishe kitu kimoja, maana hapa ndipo watu wanapojichanganya. Rolling Papers ilitoka 29 Machi 2011 na ilikuwa ya kwanza kwake chini ya Atlantic, lebo kubwa ya Marekani. Haikuwa albamu yake ya kwanza kabisa. Alishatoa Show and Prove mwaka 2006 na Deal or No Deal mwaka 2009, zote na Rostrum, lebo ndogo ya kwao Pittsburgh. Katikati hapo, mwaka 2007, alisaini Warner Bros., akakaa benchi kama miaka miwili, albamu haikutoka, akaondoka zake. Kwa hiyo Atlantic hawakuokota mtoto mtaani wakamvisha nguo. Jamaa alikuwa ameshaonja lebo kubwa ikamkalia, akarudi kugawa mixtape (mkusanyiko wa nyimbo usio albamu rasmi) bure mtandaoni. Ile ya Aprili 2010, Kush & Orange Juice, ndiyo iliyomkusanyia watu. Lebo ilipofika, uwanja ulikuwa umeshajaa.

Mimi hiyo mixtape ilinifikia kwenye flashi ya mwanafunzi wa chuo aliyekuja likizo. Midundo ya kujinyoosha, haina haraka, jamaa anarapu kama mtu aliyelala kwenye mkeka chini ya mwembe. Nikaipiga spika za nje jioni moja, vijana wa baiskeli za abiria wakaanza kuegesha. Walikuwa hawaelewi neno hata moja. Walipenda ule ulegevu.

Kisha ikaja Black and Yellow. Huu ulitengenezwa na Stargate, Wanorwe wawili ambao walikuwa wameshampikia Rihanna na Ne-Yo nyimbo za redio, na Februari 2011 ulikamata namba moja Marekani. Rangi zenyewe ni za Pittsburgh: timu zao kubwa, na hata bendera ya mji, zote ni nyeusi na njano. Hayo huku hayakumhusu mtu. Kilichohusu ni kwamba kuna njano. Mashabiki wa Yanga wakaudaka, wakaanza kulalamika mbona nyeusi inaingia hapo badala ya kijani. Sasa sikia bahati yao. Msimu ule Steelers ya Pittsburgh ilifika Super Bowl, fainali ya futiboli ya Kimarekani, ikakutana na Green Bay Packers, na rapa Lil Wayne, ambaye ni Packers damu, akachukua mdundo uleule akatoa Green and Yellow. Kijani na njano! Sijawahi kuuza wimbo mmoja kiasi kile. Packers wakashinda, na mwaka huohuo Yanga wakachukua ubingwa wa ligi, basi kibandani kwangu ule wimbo ukawa kama umeandikwa Jangwani, makao ya Yanga.

Hapo ndipo tamaa iliponiingia. Tangu Januari watu walikuwa wanauliza albamu, na albamu haijatoka. Kwenye biashara ile, ukimwambia mteja "hakuna" anavuka barabara kwa jirani, na akivuka harudi. Nikakaa usiku mmoja nikaipika mwenyewe. Nikachukua nyimbo kumi za Kush & Orange Juice, nikaweka Black and Yellow mbele kabisa, nikaongeza mbili tatu za zamani. Jalada nikalitengeneza intaneti kafe: picha yake anapuliza moshi, chini ROLLING PAPERS kwa herufi za njano. Mlangoni nikabandika manila, nimeandika kwa maka peni: KHALIFA, ALBAMU MPYA IPO HAPA.

Manila ile ilimleta mteja ambaye sikumtarajia. Mzee mmoja, kanzu na koti, bakora mkononi, akasimama akaisoma polepole kama anayesoma tangazo la msiba. Akaingia.

"Asalaam aleikum."

"Waaleikum salaam. Shikamoo mzee."

"Marahaba. Mwanangu, Khalifa gani huyu ametoa kaseti, na sisi hatuna habari?"

Kwa msio wa huku: Tabora ni mji wa tarika (njia za Kisufi) tangu zamani, ile ya Kadiria ina mizizi hapa, na ukisema khalifa mzee kama yule anawaza kiongozi wa zikri, mwenye ijaza (idhini ya kuongoza), aliyeachiwa nafasi na shehe wake. Nikamwambia kwa aibu kwamba ni mwimbaji wa Marekani. Nikapunguza sauti ya spika. Hakukasirika.

"Sawa. Lakini khalifa huwa ni wa mtu. Huyu ni khalifa wa nani?"

Sikuwa na jibu. Akanunua kaswida, akaenda zake. Baadaye sana ndipo nikasoma kwamba jamaa jina lake ni Cameron Jibril Thomaz, na hilo la Khalifa alipewa na babu yake aliyekuwa Mwislamu. Wiz ni kifupi cha neno lao la hekima. Mzee yule angefurahi kusikia habari za babu.

Albamu yenyewe niliipata katikati ya Aprili. 2011 mnaukumbuka mgao wake wa umeme, sina haja ya kusimulia. Niliisikiliza mara ya kwanza kwa kijenereta, mafuta yananiuma, kwa hiyo nilikuwa nasikiliza huku nahesabu hela. Nyimbo 14. When I'm Gone inafungua kwa kinanda, nikasema haya. On My Level, alioshirikiana na Too Short, ule ulegevu upo. Black and Yellow. Kisha Roll Up, Stargate tena, wimbo wa kumbembeleza msichana, mtamu kama juisi ya unga: unakunywa, unasahau. Wake Up nao hivyo hivyo. No Sleep ni wa sherehe, kaupika Benny Blanco. Ukifika Fly Solo unakuta gitaa la kukaa nalo ufukweni. Wateja wangu waliuruka bila kuupa nafasi ya pili, na mimi siwalaumu. Lakini katikati ya hizo kuna The Race, kuna Star of the Show aliofanya na Chevy Woods, kuna Rooftops aliofanya na Curren$y, rafiki yake wa tangu enzi za mixtape, na kuna kazi zilizotoka I.D. Labs, studio ya kwao Pittsburgh. Ukizisikia hizo unajua yule wa kwenye mkeka hajaondoka, amesogezwa pembeni tu wageni wapite.

Nikachoma nakala 30 siku umeme uliporudi. Wiki haijaisha akaja kijana mmoja, fundi wa pikipiki, mikono ina grisi, ameishika ile CD kwa kingo ili asiichafue.

"Kaka, hapa umenipiga. Hii siyo Rolling Papers."

"Ndiyo yenyewe, imetoka juzi."

"Siyo. Rolling Papers anayo mdogo wangu, ulimuuzia wewe mwezi wa pili. Nipe kama ile."

Nilimwambia ukweli? Sikumwambia. Nilimbadilishia, na nikamshukuru kimoyomoyo kwa kutodai nauli. Baada yake wakaja wengine, siyo wengi, ila wote walikuwa wale waliokuwa wanaegesha baiskeli nje jioni. Kinyume chake, akina dada wa saluni na vijana wa shule walichukua ile halisi wakaridhika, au tuseme walichukua Roll Up na Black and Yellow, zilizobaki zikaja bure kama mfuko wa plastiki.

Sasa jibu la swali lako nimelipata kwa baba yangu, ambaye rapu haijui kabisa. Mzee alikuwa mkulima wa tumbaku Urambo. Kazi inayoua watu kwenye tumbaku siyo kulima, ni kupanga madaraja baada ya kukausha. Unakaa chini na majani, unatenga moja moja kwa rangi na ukubwa, mgongo unakatika, na vumbi lake likikuingia kooni unalala unakohoa. Kila daraja linafungwa mtumba wake. Ukichoka ukachanganya, siku ya soko mteuzi, yaani mkaguzi wa madaraja, anapitisha mkono katikati ya mtumba, anachomoa jani moja la daraja la chini, basi. Mtumba mzima unashushwa au unarudi nao nyumbani, hata kama robo tatu ni majani ya dhahabu. Baba yalimkuta mwaka mmoja, akarudi kwenye mkokoteni hazungumzi. Lakini mvutaji wa mjini, yule anayenunua sigara moja moja kwa Mangi, atajulia wapi hayo? Yeye anavuta.

Rolling Papers ni mtumba uliochanganywa. Wachambuzi walikuwa wateuzi, walitia mkono katikati wakachomoa Fly Solo, wakashusha daraja. Sisi tuliokuwa tunasikia redioni tulikuwa wavutaji, na Black and Yellow ilikuwa inavutika vizuri tu. Ndiyo maana wote wanaobishana humu wana haki. (Jina lenyewe, kwa asiyejua, ni karatasi za kusokotea. Baba aliona jalada akauliza kama na huyu naye ni mkulima. Nikamwambia ni mteja.)

Suala la "lebo ilimharibu" ndilo silikubali moja kwa moja. Kwa fedha hawakukosea: wiki ya kwanza Marekani ziliuzwa nakala 197,000, ikashika nafasi ya pili nyuma ya Femme Fatale ya Britney Spears. Na mwenyewe mwaka uliofuata aliwaandikia mashabiki akikiri kwamba kurekodi nyimbo za aina ile kulimchosha na hakuridhika nazo, kisha Machi 2012 akatoa mixtape ya bure, Taylor Allderdice, ameiita jina la sekondari aliyosoma Pittsburgh. Mtu aliyeharibika hana nguvu ya kurudi shuleni kwake. Mwaka 2014 Blacc Hollywood ikafika namba moja, na 2015 See You Again aliyoimba na Charlie Puth ikakaa kileleni wiki 12. Hiyo ya mwisho sikuiuza, kibanda nilikuwa nimeshafunga. Watu walipata simu za intaneti, nani tena alete memori kadi.

Ukitaka kuipa haki yake, mkuu, usiisikilize kuanzia mwanzo. Anza na The Race, nenda Rooftops, rudi When I'm Gone, malizia na Black and Yellow kwa sauti kubwa. Roll Up isikilize ukiwa na mtu.

Nilipofunga nilihamisha vitu kwenye boksi, lipo chini ya kitanda mpaka leo. Humo zimo Rolling Papers halisi kumi na moja, hazijawahi kufunguliwa. Ile niliyoipika mimi haikubaki hata moja, na kompyuta iliungua na kila kitu, hata orodha ya nyimbo nimesahau. Kwa hiyo kama kuna mtu wa Tabora anasoma hapa na bado anayo ile yenye herufi za njano, tafadhali anicheki inboksi. Nanunua, na safari hii nalipa zaidi ya 1,500.