Jibu: nimechora mstari wa kutabiri kilomita kwa lita kutokana na uzito wa gari, mbona lori la Fuso linapata kilomita hasi kwa lita?

Mkuu wala hujakosea programu, ni mstari wenyewe. Zile data ulizotumia (Auto MPG) ni magari 398 ya modeli za 1970 hadi 1982, zito kuliko yote lina kama tani 2.3 tu, sasa we unaingiza Fuso unategemea nini 😂 mstari unateremka tu mpaka unapita sifuri. Uzito na kilomita kwa lita vinaenda kwa kupinda, havinyooki, so geuza, tabiri lita kwa kilomita 100, utaona vitone kwenye grafu vinanyooka kiasi. Kuna magari 6 hayana namba ya nguvu ya injini, yatoe kwanza. Na foleni ya Mwenge, Dar, jioni usiiulize, kwenye data hizo hamna safu (column) ya foleni.