Gogo moja la mpingo, wachongaji sita

Mhariri,

Mmetuuliza wiki hii: "Ukipewa nafasi ya kubuni sanamu moja inayozungumzia wakati, utabuni ipi, na itasimama wapi?" Wengi watataja saa kubwa, na siwalaumu. Lakini saa hutuambia sasa ni saa ngapi, basi. Mimi nataka gogo la mpingo lenye urefu wa mita 2, lisimamishwe Mtwara, mahali penye paa lakini pasipo na ukuta. Mchongaji wa kwanza achonge sentimita 25 za juu tu, kisha aweke patasi chini.

Baada ya miaka 25 aje mwingine achonge sentimita 25 zinazofuata, akishuka chini. Hivyo hivyo hadi wa sita, atakayelishika gogo hilo katika mwaka wa 125. Nusu mita ya mwisho isiguswe na mtu yeyote, ibaki na magome yake. Kwa hesabu hiyo kila mwaka una sentimita yake moja ya mti. Bibi ataweza kumwonyesha mjukuu wake kwa kidole: hapa ndipo mama yako alipozaliwa, hapa ndipo ule mwaka wa njaa.

Wazo hili limetokana na sanamu za ujamaa, zile ambazo Wamakonde huziita dimoongo: watu wengi waliopandana na kushikana, wote wametoka katika gogo moja bila kiungo wala gundi. Mtindo huo huhusishwa na Roberto Yakobo Sangwani, mchongaji aliyetoka Msumbiji kuja Tanganyika, kama walivyovuka Ruvuma Wamakonde wengi waliokuja kutafuta kazi katika mashamba ya mkonge. Husimuliwa kwamba mwanzoni sanamu hizo zilionyesha mshindi wa mieleka akiwa amenyanyuliwa juu na wenzake. Baadaye zikawa ukoo mzima, kizazi juu ya kizazi.

Hapo ndipo ninapoliona fumbo. Tumezoea kusema wazee ndio mizizi. Katika sanamu yangu mzee yuko juu kabisa, na anayemfuata kuzaliwa yuko chini yake, amembeba. Mtu atakayepita mwaka wa 60, tuseme, atakuta sura tatu zimekaa juu ya gogo ambalo bado ni gogo. Ataona waliokufa wamebebwa na watu ambao bado hawajazaliwa. Naamini ndivyo ilivyo hasa. Babu yangu hana mahali pengine pa kukaa sasa isipokuwa juu yetu, na sisi tutahitaji wa kutubeba.

Ujerumani, katika mji wa Wemding, iko kazi inayofanana na hii kwa mbali. Mwaka 1993 msanii Manfred Laber alianzisha piramidi ya wakati: matofali makubwa 120 ya zege, moja kila baada ya miaka 10, hadi mwaka 3183. La nne liliwekwa mwaka 2023, yeye akiwa ameshafariki. Naiheshimu sana subira hiyo. Ila pale kila kizazi kinaongeza, na zege lipo siku zote. Kuchonga ni kupunguza. Kipande kilichoruka kwenye tezo hakirudi, na mchongaji wa tatu akitamani kuchukua sentimita 40, atakuwa amekula za mtu asiyeweza kumlalamikia. Sanamu yote imesimama juu ya mkono unaojizuia, na hilo ndilo ninalotaka watu walione kwa macho.

Kwa nini mpingo? Kwa sababu mti wenyewe ni wakati. Huchukua miaka 70 hadi 100 hivi, na pengine zaidi, kufikia unene wa kuvunwa. Kiini chake cheusi ni kizito kiasi kwamba ukikitupa majini kinazama, na ndicho kinachotafutwa nje kwa ajili ya klarineti. (Uwe mpingo wa kweli, tafadhali, si mti mweupe uliopakwa kiwi ya viatu.) Gogo likikauka huzidi kuwa gumu, na huweza kupasuka. Kwa hiyo wa pili atakuta mti mgumu kuliko alioukuta wa kwanza, na nyufa ambazo hakuzitengeneza yeye. Ufa usizibwe. Atakayeukuta aupitishe kwenye sura anayoichonga, uwe kovu au mkunjo wa paji la uso.

Gogo lenyewe linunuliwe Kilwa, kwenye vijiji kama Nanjirinji ambavyo vinasimamia misitu yao wenyewe, na siku litakaposimamishwa ipandwe miche ya mpingo kando yake. Mchongaji wa tano atakapofika, mwaka wa 100, huenda akaikuta imefikia kuvunwa. Aivune au aiache, hiyo si kazi yetu kumpangia.

Mtaniuliza sura ya kwanza iwe ya nani. Isiwe ya kiongozi; tunazo za kutosha. Wamakonde wana simulizi kwamba mtu wa kwanza alikuwa peke yake, akachonga mti kwa umbo la mwanamke, akausimamisha, ukawa mwanamke hai, naye ndiye mama yao wote. Huyo ndiye ninayemtaka juu. Sura tano zilizobaki sitaki kuzijua, wala isiachwe michoro ya kuwaelekeza watakaokuja. Waachiwe kipimo tu, alama ya sentimita 25 iliyokwaruzwa kwa patasi ubavuni mwa gogo.

Msomaji wenu,
Masasi