Paka na Panya: Njaa Isifichwe

Wiki hii mmeuliza: mtunzi afanyeje ili msomaji auamini urafiki wa paka na panya?

Aanze na njaa ya paka, wala asiifiche. Hadithi nyingi za namna hii huharibika mapema kwa sababu paka huingia akiwa tayari mpole. Panya hapo hana cha kuogopa, na msomaji hana sababu ya kuendelea.

Kisa ninachokipenda kuliko vyote kimo katika Kalila na Dimna, kitabu ambacho Ibn al-Muqaffa alikitia katika Kiarabu karne ya 8. Paka amenaswa mtegoni. Panya anatoka shimoni, anafurahi kumwona adui yake amefungwa, kisha anageuka: nyuma yake kicheche anamvizia, na juu mtini bundi anamkodolea macho. Pa kukimbilia ni kwa paka tu. Wanapatana: paka amkinge, naye amkatie kamba. Kicheche na bundi wanakata tamaa, wanaondoka. Sasa angalieni ufundi wenyewe. Panya anatafuna polepole, paka analalamika, na kamba moja inabakizwa kwa makusudi. Inakatwa mwindaji anapotokea, wakati paka hana nafasi ya kumla panya, anawaza roho yake tu. Baadaye paka anamwita rafikiye asogee, na panya anazungumza naye kutoka mbali.

Kwa hiyo kabla ya kuandika, mtunzi ajue kila mmoja anamhitaji mwenzake kwa lipi, na mnyonge ameshika dhamana gani. Hiyo dhamana ndiyo inayosahaulika zaidi. Bila kamba ya mwisho, panya angekuwa mjinga mwenye bahati.

Urafiki ukitakiwa udumu baada ya hatari kupita, paka apewe chakula kingine, na tumwone akila. Maneno yake pia yapimwe: “Leo nimeshiba” inaaminika kuliko “Sitakula panya tena maishani.”

Anayeona haya ni makali mno akumbuke Samburu, Kenya, mwaka 2002, simba jike aliyeitwa Kamunyak alipomlinda ndama wa choroa kwa takriban wiki mbili. Alidhoofu kwa njaa, wala hakumgusa. Simba dume ndiye aliyemla ndama yule. Katika hadithi ndefu, huyo dume ni mhusika wa lazima: mla nyama mwingine, asiyehusika na mapatano, na aonekane mapema akizungukazunguka.